Majina Manne kwenye Sanduku la Mbao

Mercy Tapkigen Awiti Oduor,

Nimeanza na majina yako yote manne ili ujue mapema barua hii inaelekea wapi. Kama umeshakasirika, kasirika tu, lakini usome. Mimi pia nimekasirika. Nimeamua kuandika kwa sababu tukizungumza wewe hunishinda kwa maneno, mimi hukushinda kwa sauti, na baba yako huinuka kwenda nje kutafuta kitu ambacho hakijapotea.

Ninaandika kwa Kiswahili kwa sababu ndiyo lugha ya nyumba hii. Baba yako hajajifunza Kikipsigis zaidi ya salamu na neno la maziwa. Na mimi Kijaluo changu, baada ya miaka yote hii, kina mama wa Dunga, kule ufuoni, bado hunicheka ninapouliza bei ya samaki. Tulipooana tulikutana katikati, kwenye Kiswahili cha sokoni, na wewe ukazaliwa humo humo.

Sasa hivi umekwenda kumuaga Mama Jaswant. Mvua imejaa upande wa ziwa, jikoni kumeingia giza kabla ya wakati wake, nami nimewasha taa. Mambo ya kufua, ya kufunga sanduku kwa kufuli, ya kutoazima watu sufuria, shangazi yako ameshayasema na kesho atayarudia stendi. Mimi nina jambo moja tu, lile ulilolisema leo mchana.

Ulimwona baba yako alivyolibeba hilo sanduku kutoka kiwandani. Amelitengeneza kwa mbao alizokuwa akizichagua kidogo kidogo tangu ulipopata barua ya chuo cha ualimu, na hakumwambia mtu. Alipolitua, akafungua kopo la rangi nyeupe, akapiga magoti ugani na kukuandika ubavuni mwake. Herufi zimepanda mlima kidogo kuelekea mwisho kwa sababu majina ni mengi na sanduku ni fupi. Alipomaliza alikuangalia kama mtoto anayengoja kusifiwa. Nawe ukasema, "Baba, si ungeandika Mercy tu? Kule Kericho kwa watu wa Mama sitaki maswali."

Akakuuliza, "Maswali gani?"

"Wakiona Awiti wataniuliza natoka wapi. Na hapa Kisumu watu wakisikia Tapkigen wananiuliza naenda wapi. Mercy haliulizwi kitu, Baba. Nikirudi kutoka kwa Mama Jaswant nitaifuta hiyo rangi na mafuta ya taa kabla haijakauka."

Baba yako akaangalia brashi mkononi. Mimi nikaenda kupepeta mchele ambao ulikuwa umeshapepetwa. Kama ningebaki pale ningesema jambo la kunifanya nijute, na msafiri hasindikizwi kwa matusi.

Basi tuanze na Awiti, maana hilo ndilo lililokuliza zaidi. Ulikuwa darasa la pili uliporudi nyumbani bila kiatu kimoja, watoto wa mtaa wetu wa Manyatta wamekuita takataka njia nzima. Mmoja wao alikuwa ameambiwa na bibi yake kwamba Awiti ni aliyetupwa. Uliniuliza kama ni kweli nilikutupa, nami nikakujibu vibaya. Nikasema, "Nenda ukatafute kiatu." Nilikuwa sijui nianzie wapi. Leo najua.

Kabla yako walikuwepo wawili. Wa kwanza alizaliwa jua likiwa utosini, akaitwa Ochieng'. Wa pili alikuja na mvua, akaitwa Akoth. Ndivyo Wajaluo wanavyofanya, na si wao peke yao: mimi naitwa Cherono kwa sababu mama yangu alinizaa jioni mbuzi wakirudi zizini. Baba yako ni Oduor kwa sababu alimsumbua mama yake baada ya usiku wa manane, na bado ana tabia hiyo. Nilifurahi kuona kwamba watu wa pande zote mbili za mto Sondu wana akili moja, wanamwangalia mtoto kisha wanaangalia nje kuona dunia iko katika hali gani. Lakini Ochieng' hakumaliza msimu, na Akoth tulimzika akiwa ameanza kucheka. Mwanangu, sina namna ya kupamba jambo hilo. Nilikaa miezi nikisikia kicheko chake kwenye maji yanayochemka.

Nilipopata mimba yako, mama wa baba yako, Dani, alikuja kutoka Nyakach na nyungu yake moja na mkebe wake wa ugoro, akasema anakaa. Wakati huo tulikuwa tunaishi kwenye chumba cha wafanyakazi nyuma ya kiwanda cha mbao. Dani hakuwa akiniita jina. Aliniita Nyalang'o, binti wa Walang'o, ndivyo Wajaluo wanavyowaita watu wetu, na kila mara ilisikika kama ananikumbusha mlango ulipo. Akaniambia, "Hao wawili mliwapa majina mazuri, ya jua na mvua. Kifo kinapenda kizuri kama mtu mwingine yeyote. Huyu atakuwa kitu ambacho hakuna anayekitaka."

Ulipozaliwa, asubuhi ya pili, alikuviringisha ndani ya kipande cha gunia, akatoka nawe hadi kichochoroni, akakulaza juu ya rundo la jivu. Huo ndio utaratibu. Mtoto anatupwa mbele ya macho ya kifo, kisha anapita mtu baki na kumwokota, anasema amepata mtoto wake, na wenyewe wanamkomboa kwa kitu kidogo. Baada ya hapo kifo kikija kuuliza, kitaambiwa mtoto wa nyumba hii alishatupwa, huyu ni wa kununuliwa. Dani alikuwa amepanga na jirani yetu mmoja apite. Jirani huyo akachelewa, maziwa yake yalikuwa yanafurika jikoni. Mimi nimesimama nyuma ya mlango, maziwa yangu yanalowesha nguo, nikikusikia ukilia juu ya jivu, na kunguru wawili wameshatua ukutani.

Aliyetokea ni Mama Jaswant, mke wa Kalasinga mwenye kiwanda. Alikuwa hajui lolote. Alikuja mbio na ndala zake, akakunyakua, akakufuta jivu kwa mtandio wake wa kitambaa kizuri.

"Nani naweka mtoto kwa jivu? Huyu iko hai!"

Dani akajitokeza taratibu. "Mama, huyo ni mtoto yetu. Tumemtupa tu."

"Tu?" Mama Jaswant alipiga kelele mpaka misumeno ikazimwa kiwandani. "Kama veve natupa, mimi naokota! Sasa yangu! Kwisha!"

Mimi nikadhani tumefukuzwa kazi na chumba. Lakini Dani aliinua mikono juu kwa furaha, kwa sababu hayo ndiyo maneno yenyewe. Mwokotaji anatakiwa kusema hivyo hivyo, kwamba mtoto ni wake, na yule jirani angesema kwa mzaha, kwa sauti ya kuigiza. Mama Jaswant alisema kwa hasira ya kweli. Dani alisimulia mpaka anakufa kwamba hajawahi kuona mtoto aliyeokotwa vizuri kama wewe.

Kukukomboa ilikuwa kazi. Dani alipeleka samaki mkavu, Mama Jaswant akasema hali samaki. Akapeleka kuku, huyo ndiye hakutaka hata kumwona. Mwisho akapeleka kibuyu cha mtama, na baba yako akasimama uani kwake kofia mkononi akieleza habari ya Ochieng' na Akoth. Mama Jaswant alipoelewa, alikaa chini kwenye ngazi na kulia na sisi. Akapokea mtama. Akanirudishia wewe mikononi, umepakwa mafuta na unanukia iliki, na akasema, "Mimi nauza, lakini nusu nabaki yangu." Ndiyo maana hukuwahi kukosa chapati katika nyumba ile, na ndiyo maana leo huwezi kusafiri bila kumuaga.

Kwa hiyo ukiulizwa Awiti ni nini, usiseme ni aliyetupwa na kunyamaza. Ni jina ambalo bibi kizee mmoja alikigeuzia kifo mgongo nalo. Nilikuona unakua. Ulivuka ule msimu uliomchukua Ochieng', ukavuka na ule wa Akoth. Mpaka leo nikilitamka jina hilo najisikia kama nimemcheka mtu mkubwa mbele ya watu na hakunifanya kitu.

Sasa Tapkigen.

Uliponunuliwa ulianza kulia. Hukuwa mgonjwa, ulikuwa unalia tu, mchana na jioni, mpaka wapasuaji mbao wakawa wanatuma salamu za pole. Dani akasema kuna mtu anataka jina lake. Wajaluo mtoto akilia hivyo humtajia marehemu wao mmoja mmoja, na jina litakalomnyamazisha ndilo lake, mwenyewe amerudi. Dani akaketi nawe mlangoni akaanza. Alitaja wavuvi, wafinyanzi, akataja mwanamke mmoja aliyesifika kwa kulima, akataja hata shemeji yake ambaye walikosana. Uliwalilia wote. Alipomaliza ukoo wake, sauti imemkauka, akakuweka mapajani pangu akaenda kulala.

Kwetu ng'ambo ya Sondu tunafanya hivyo hivyo, isipokuwa sisi hatungoji kunyamaza, tunangoja chafya. Kina mama wazee hukaa na mtoto, wakataja waliotangulia, na akipiga chafya basi aliyetajwa ndiye. Chafya ikichelewa kuna ugoro. Watu wetu hawaoni aibu kuisaidia mizimu kidogo.

Nilikaa nawe gizani, Dani anakoroma, na mkebe wake uko kwenye dirisha. Ninajua nilichokosea, huhitaji kuniambia. Hiyo ni kazi ya kina mama wazee, si ya mzazi mmoja mwenye usingizi. Marehemu wa upande wa baba hutangulia, kwa Wakipsigis na kwa Wajaluo. Na ugoro haukuwa wangu. Nilivunja desturi za makabila mawili kwa mkono mmoja, jambo ambalo si kila mtu analiweza. Lakini nilikuwa nimeshazika wawili, na sikuwa na nafasi ya adabu. Nikakunusisha kidogo kwenye ncha ya kidole, nikaanza kunong'ona majina ya watu wangu. Kwenye jina la bibi yangu Tapkigen ulipiga chafya kubwa kuliko mwili wako. Kisha ukanyonya, ukalala mpaka jua likatoka.

Asubuhi Dani alitikisa mkebe wake, akaniangalia, akasema, "Panya wa mji wanakula ugoro?" Nikasema sijui. Akasema, "Mtoto amenyamaza." Nikasema ndiyo. Hakuuliza kwa jina la nani. Mimi nilianza kukuita Tapkigen chumbani, kimya kimya, baadaye jikoni, baadaye ugani, na baba yako akalizoea kama alivyozoea chumvi yangu kuzidi. Hukulia tena ovyo mpaka ulipoanza kusoma hesabu.

Mercy je? Unasema Mercy haliulizwi kitu. Mimi ninaliuliza. Mercy alikuwa mkunga wa Maragoli, mwanamke mnene mwenye mikono mizito, aliyekupokea ukiwa umenyamaza na rangi ya majivu. Alikupiga mgongoni huku anaimba wimbo wa kanisani na kukugombeza kwa Kimaragoli mpaka ukapumua. Mchungaji alipotaka jina la ubatizo, nilitaja la kwake. Kwa hiyo hata ukijificha nyuma ya Mercy, utamkuta mwanamke wa watu amekaa hapo, naye ana kwao. Hakuna jina tupu, mwanangu. Umetafuta kichaka cha kujificha, kumbe ni boma la mtu.

Sasa nifike mahali pagumu, maana najua ulijifunza wapi kulitia jina mfukoni. Ulijifunza kwangu.

Unaukumbuka ule mwaka nyumba zilipochomwa mpakani, baina ya watu wa baba yako na watu wangu. Ulikuwa umeshakuwa msichana. Soko la Sondu likafungwa, lile soko ambako bibi yangu na mama yangu waliuza maziwa na Dani akauza nyungu miaka mingi kabla sijaolewa. Watu wa pande zote mbili walilala kwenye makanisa na watoto na magodoro. Baba yako mdogo Ouko akaja hapa Manyatta na wanaume wenzake wa ukoo, wakaketi sebuleni, wakakataa chai. Ouko si mtu mbaya. Alikuwa amemchukua rafiki yake aliyetoka kule bila hata shati.

Akasema, "Shemeji, sisemi kwa ubaya. Watu yetu wanalala nje, na hapa kwa nyumba ya ndugu yangu mnaita mtoto jina ya kule. Majirani wanasikia. Hiyo jina itoke."

Wiki ile ile kaka yangu alikuwa ametuma ujumbe kutoka ng'ambo kwamba tukienda kumwona mama, tusiseme Awiti njiani. Ilikuwa amri moja iliyobadilisha koti. Baba yako alikuwa anatazama sakafu. Niliogopa, na ninasema waziwazi kwamba niliogopa.

Aliyejibu ni Dani. Alikuwa amezeeka, amekaa mkekani karibu na mlango na mkebe wake, sisi wote tumedhani anasinzia. Alisema kwa Kijaluo, nami nakuandikia kama nilivyoelewa.

"Ouko, ulipokuwa mtoto ulinyamaza kwa jina la nani?"

"La Ouko, Mama."

"Alikuwa nani?"

"Ndugu ya babu."

"Alikuwa mwizi wa ng'ombe. Alipigwa mpaka akapinda mguu. Hatukulipenda jina lake, lakini wewe ulilipenda, tukakuita." Akafungua mkebe, akanusa, akachukua muda wake. "Huyu msichana nilimtajia watu wetu wote wakamchosha. Akapiga chafya kwa ugoro wangu. Ugoro wangu, Ouko! Mnadhani nilikuwa nimelala? Mwanamke aliye chumba kimoja na mtoto anayelia halali, hukoroma tu ili aachwe. Na huyo Tapkigen nilimjua Sondu. Alikuwa akinunua nyungu zangu na mimi maziwa yake, na hakuwahi kuyatia maji. Nitajieni mmoja wa ukoo wetu ninayeweza kumsemea hivyo."

Ouko akainamisha kichwa, kisha mabega yake yakaanza kutikisika, nikaona anacheka na anafuta machozi. Wakaomba chai.

Miaka yote nilikuwa nimembebea yule mama kinyongo kwa kuniita Nyalang'o, na kumbe siri yangu alikuwa ameilinda yeye tangu siku ya kwanza. Jioni ile nilimwosha miguu. Hakunishukuru, alisema maji yana baridi.

Halafu Jumatatu nilifanya nini? Dani amelitetea jina mbele ya wanaume wa ukoo mzima, na mimi nikakushika kidevu mlangoni, sare imepigwa pasi, nikakwambia, "Shuleni wewe ni Mercy. Ukiulizwa mengine, huyajui." Ulikuwa mtoto mtiifu siku hiyo moja, kwa bahati mbaya. Ukalijua somo haraka kuliko hesabu zote. Kuanzia hapo Dani akikuita Tapkigen kwa sauti kutoka mkekani, ulikuwa unakimbia kufunga dirisha. Nilikuona ukifunga, na sikukuzuia. Yule mama alikuwa anaita jina lile kwa ushindi na sisi wawili tunamfungia dirisha. Mambo yalipotulia, soko likafunguliwa, watu wakarudi kuuziana maziwa na nyungu, lakini mimi sikurudi kukushika kidevu tena kukwambia sasa unaweza kuyajua. Niliona umeshazoea. Mzazi akiona mtoto amezoea kitu kibaya kisicho na kelele, hushawishika kukiita amani.

Nilichokufundisha Jumatatu ile ninakivunja leo. Nilikosea, na simwachii mtu mwingine kosa hilo alifute.

Utaniambia, mbona akina Mama Jaswant waliacha majina ya ukoo? Najua utasema hivyo, kwa sababu ulipokuwa mdogo ulirudi kutoka kwake ukiwa umeshangaa kwamba wanawake wote wa hekalu lao ni Kaur, na wanaume wote ni Singh. Ulifurahi. Ulisema ni vizuri, hakuna anayejulikana ametoka ukoo upi. Alikuonyesha hata jinsi mtoto wao anavyopewa jina, kitabu chao kitakatifu kinafunguliwa popote kitakapofunguka, na herufi ya kwanza ya ukurasa ndiyo inayoanza jina, awe tajiri au mpasua mbao.

Mimi pia nilimuuliza, siku nyingine, tukichambua dengu. Akaniambia, "Zamani kwetu jina naonyesha huyu mkubwa, huyu mdogo, huyu hapana gusa maji yake. Watu yetu nasema basi. Sisi wote Singh, simba, wanawake yote Kaur, binti ya mfalme. Watu nauawa kwa hiyo maneno, Cherono." Alisema hivyo huku akitupa kokoto.

Umeona? Wao walivua majina yao mchana, mbele ya wakubwa, ili kuwakatalia. Na walipovua hawakubaki uchi, walivaa jina zito kuliko la kwanza. Wewe unataka kuvua kwenye giza la jikoni, kwa kitambaa na mafuta ya taa, ili usiulizwe na wasichana wenzako wa bweni ambao hujawaona. Kama ungeniambia unafuta kwa kuwa hukubali mtu apimwe kwa kabila, ningekushikia kitambaa. Lakini uliniambia hutaki maswali.

Sisemi hakuna hatari. Nikidanganya hapo, barua nzima itakuwa haina maana. Siku moto ukiwaka, kimbia, na usimtajie mtu jina lolote, sema wewe ni Mercy au ni kuku, upone. Dani mwenyewe angekwambia hivyo, kwa sababu hakukutupa kwenye jivu ili ufe kishujaa. Lakini bweni si moto. Msichana anayekuuliza "Awiti ni la wapi?" huku anatandika kitanda si mtu mwenye kiberiti. Ukianza kumkimbia yeye, utazeeka unakimbia, na utawafundisha wanafunzi wako kukimbia, maana wewe ndiwe mwalimu sasa. Utasimama mbele ya darasa na kuita majina ya watoto kila asubuhi. Utaitaje Chebet na Atieno kwa kinywa kilichoogopa majina yako mwenyewe?

Na huyo msichana wa bweni, mwambie. Mwambie kuhusu kunguru na gunia, na mtandio uliochafuka jivu. Mwambie ulipiga chafya kwa ugoro wa kuibwa. Yeye naye atakwambia alivyopiga ya kwake, kwa kuwa watu wa kule wote waliwahi kunusishwa. Mimi na Dani tulikaa nyumba moja miaka mingi kila mmoja akidhani mwenzake ni mtu wa kabila jingine tu, mpaka tulipojua kwamba kila mmoja wetu alikuwa amekaa gizani na mtoto anayelia, akitafuta jina.

Nasikia baba yako anakohoa ugani. Analizunguka sanduku. Hatakuambia kitu, unamjua, lakini alinyoosha ule mstari kwa rula kabla ya kuandika, na alifanya mazoezi ya herufi kwenye mabaki ya mbao kiwandani. Wenzake walimwona. Kuna kipande nimekiokota kwenye kuni kimeandikwa Tapkigen, Tapkigen, Tapkigen, mwanaume ambaye hajui Kikipsigis zaidi ya maziwa.

Mvua imefika Dunga, naisikia inakuja juu ya mabati, na baba yako ameliingiza sanduku ndani. Utakuwa umekwama kwa Mama Jaswant, anakulisha. Ukirudi utaingia moja kwa moja jikoni kutafuta chupa ya mafuta ya taa pale chini ya meza. Utaikuta tupu. Yalikuwa yamebaki kidogo, nami nimeyatia yote kwenye taa hii ili nikuandikie. Duka la jirani limefungwa kwa mvua. Kesho kukicha rangi itakuwa imekauka.

Safiri salama na majina yako.

Mimi mama yako,
Cherono, Nyalang'o wa nyumba ya Oduor